Siku Nilipomwandika Baba Marehemu

Hii aibu sijawahi kuisimulia yote, hata kwa watu wa kanisa ambao waliiona nusu kwenye simu zao, lakini wacha leo niiseme kwa mdomo wangu.

Mama alituacha mwaka jana. Tulimzika nyumbani Busia, kwenye kipande cha shamba alichonunua mwenyewe, na kwa vile hati iko kwa jina lake ilibidi tupeleke maombi ya mirathi kortini kabla jirani hajasogeza ua hadi kaburini. Siku hizi maombi yanatumwa kwa mtandao, na mimi, muuza simu wa Soko la Toi ambaye mtaa mzima wa Soweto West huniita fundi, nikasema hatuhitaji wakili wala kulipa watu wa saiba watujazie fomu, nitajaza mwenyewe.

Basi mchana mmoja nikakaa na baba kitandani (hatuna meza), nikaanza. Fomu ikauliza jina la marehemu, na simu yangu, ambayo mwezi uliotangulia niliitumia kumsajili baba bima ya hospitali, ikaleta yenyewe jina na nambari ya kitambulisho, nami nikakubali bila kusoma, macho yashafika swali linalofuata.

Baba akasema, "Nisomee kwanza kabla hujatuma."

"Mzee, hii ni mashine, haikosei," nikamjibu, nikatuma.

Kesi ikapangwa kwa video. Siku hiyo baba hakwenda kwenye bustani yake ya sukuma wiki kule Silanga. Alinyoa, akavaa koti alilovaa mazishini, akakaa kando yangu, na nyuma yetu mama mdogo na majirani wawili, maana nilikuwa nimewaita waje waone (ndiyo, mimi ndiye niliwaita).

Hakimu, mama mmoja wa sauti ya chini, akasoma, "Mirathi ya marehemu Zakayo Wandera. Mwombaji yuko?"

Nilijua papo hapo nimefanya nini, na badala ya kusema nimekosea nikajibu, "Niko, mheshimiwa."

"Marehemu ni nani wako?"

"Ni baba yangu," nikasema (labda kwa sababu huo ndio ukweli pekee uliokuwa umebaki).

Baba akainama mbele ya simu. "Mheshimiwa, Zakayo ni mimi. Aliyekufa ni mke wangu."

Mawakili wote walikuwa wamezima sauti, kwa hivyo hukusikia kicheko, uliona tu mabega yakitikisika kwenye vile visanduku. Hakimu hakucheka. Alimpa baba pole, akaniuliza kama najua kuapa uongo ni kosa, akayatupa maombi, akaamuru nianze upya na safari hii nifike kortini mwenyewe.

Mtu fulani alikuwa amerekodi. Kesho yake wauza makaa wa Silanga wakamsalimia baba, "Sasa, marehemu?" Siku ya kwanza alicheka nao. Kufikia wiki ya pili alikuwa ameacha kwenda, na sukuma zikakauka.

Nikamwomba msamaha, nikamwambia watu wanamcheka kwa sababu yangu. Alikuwa anamenya viazi.

"Kuchekwa si kitu," akasema. "Mimi nilivaa koti nikasikie hakimu akitaja jina la Rose. Tangu tumzike hakuna mtu hulitaja hapa."

Hata mimi nilikuwa nasema tu "mama".

Siku ya maombi ya pili ilipofika, nilimwomba tuende pamoja, akakataa. "Nenda tu. Utaniambia." Nikasimama peke yangu mbele ya hakimu mwingine, kijana mwenye haraka, akasoma Rose Nafula Wandera kwa pumzi moja, hilo Nafula akalimeza, tukamaliza.

Jioni baba akaniuliza, "Alilitaja lote?"

"Lote, baba."

Shamba limekuwa letu. Ile ya simu kujijazia nimeizima, na siku hizi situmi fomu ya mtu kabla sijamsomea kwa sauti, jina kwa jina, hata kama ni yeye anayeniharakisha.