Nembo za Romana

Miaka ya ruksa ilipoingia na biashara ikafunguliwa, ndoo za plastiki zilijaa gulioni Rutamba, na vyungu vya Romana vikakosa mnunuzi. Hakulalamika sana. Ilikuwa kazi yake ya pili kumfia mikononi. Ya kwanza ilikuwa kuchanja nembo.

Alizaliwa uwanda wa juu, kwa Wamakonde, na mama yake ndiye aliyemchanja usoni, kisha akamfundisha kushika kijikisu, kuchanja mistari na pembe kwenye shavu la msichana, kisha kusugua masizi ya mbegu za mbarika mpaka weusi ukae. Alipoolewa Rutamba sifa zake zilimfuata. Wasichana waliletwa na mama zao wakiwa wamebeba unga na kuku, na siku nzima uani kwake ilikuwa nyimbo. Kila mstari ulikuwa na wimbo wake, na nyimbo zilitaja njia waliyopita wazee mpaka wakavuka mto Ruvuma: walipokosa maji, walipozika mtu, walipokuta mihogo imeachwa shambani bila mwenyewe. Mtoto akilia, wanawake walipaza sauti, kilio kikamezwa.

Kisha wasichana wakaacha kuja. Walisoma, walikwenda Lindi mjini, wakarudi wakisema nembo ni ushamba.

Wa kwanza kumkimbia alikuwa binti yake mwenyewe, Benadetha. Asubuhi ya kuchanjwa, masizi yakiwa tayari kibakulini, alipenya kwenye ua akakimbilia misheni. Masista wakampokea, wakamsomesha, na mwisho akawa mmoja wao. Romana hakumfuata. Kila Benadetha alipokuja kumsalimia, mama na mwana walizungumza mvua na mihogo. Habari ya asubuhi ile ilikaa kati yao kama mgeni asiyekaribishwa wala kufukuzwa.

Shirika la masista likampeleka Benadetha masomoni Marekani, huko Arizona. Aliporudi, mwaka tisini na nne, mvi zilikuwa zimeanza kuchungulia chini ya kitambaa chake cha usista. Alimkuta mama yake mkekani, anamenya mihogo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Umekonda. Huko hawali?"

Benadetha akacheka. Akatoa kwenye mkoba picha ya zamani, akamwekea mapajani. Pichani alikuwa mwanamke mtu mzima, nywele zimekatwa usawa wa nyusi, na kutoka mdomo wa chini mpaka kidevuni imeshuka mistari ya rangi.

Romana aliacha kisu. Akaisogeza picha kwenye mwanga, akaifuata mistari kwa ukucha.

"Huyu wa kijiji gani?"

"Si wa huku, mama. Ni Mmohave. Watu wa mto Kolorado, wapo pale tangu kabla ya Wazungu."

"Nani alimchora? Mkono wake haukutetemeka."

"Sijui. Aliyenipa picha ni mjukuu wake, bibi mzee. Aliniambia zamani kwao asiye na alama kidevuni alihofiwa kwamba wafu hawatampokea. Na wana nyimbo, mama. Mwimbaji anashika kibuyu chenye mbegu, anaimba safari, mahali kwa mahali, mpaka kunakucha. Lakini watoto wao walipelekwa shule za bweni za Wazungu, wakakatazwa hata lugha. Sasa wanaozijua nyimbo wanahesabika."

Romana alitazama uani. Aliwaona wanawake waliojaa uani kwake zamani, vitenge vyao, jasho lao, harufu ya mbarika iliyochomwa. Wengi walikuwa wamekwisha kuzikwa, na nembo zao usoni.

"Ulikimbia uso wangu," alisema taratibu, "ukaenda kuukuta huko mbali."

"Ndiyo, mama." Benadetha aliishika mikono ile yenye mihogo. "Yule bibi aliniuliza, na kwenu mnaimba nini? Niimbie. Hata ukitaka kunichanja, nichanje."

Romana akaangua kicheko mpaka machozi. "Kwa macho haya ya kizee? Nitakutoboa jicho, masista waje kunishika!"

Aliinuka, akaenda kwenye udongo aliouchota kando ya ziwa la Rutamba, uliolala chini ya gunia bila kazi tangu ndoo zije. Akafinyanga chungu cha maji. Kabla hakijakauka alimpa binti yake kijiti, akamshika kiganja, wakaanza kuchora pembe na mistari ya kwao. Upande wa pili, Romana akaishusha mistari ya yule mama wa Kolorado.

Wimbo wa kwanza ulimtoka kwa shida, maneno mengine yamepotea, akawa anavumisha sauti penye pengo. Wa pili ukaja wenyewe. Benadetha aliitikia kwa Kimakonde kilichojaa kutu, na mama akamsahihisha bila huruma.

Jirani yao Salima alichungulia uani, ungo mkononi.

"Mama Bena, kwako kuna harusi?"

"Ingia, uketi," Romana alimjibu. "Tumefika Ruvuma. Hatujavuka bado."