Pelegrina na Vidole vya Anzoleta

Pelegrina tumemzika juzi, na tayari wameshaanza kumpaka sukari. Eti alikuwa mpole, hana kinyongo na mtu. Mimi niliishi naye maisha yangu yote chini ya paa moja, na huo upole sijui wameuokota wapi. Alikuwa mwanamke mwenye kijicho, tena kijicho cha kukosesha usingizi, na nilimpenda vilevile.

Tuliachwa mlangoni pa Nyumba, makao haya ya mayatima, mwaka uleule mmoja, yeye, mimi na Anzoleta, kila mmoja na nusu ya medali shingoni, nusu nyingine amebaki nayo mama, kama wanavyoachwa watoto wa Venisi. Mimi sikuwa na sikio la muziki, nikapewa funguo za ukumbi wa wageni. Wao walipewa fidla, fidla moja kwa watoto wawili. Basi walibuni mchezo: mmoja anaikamata kidevuni na kuvuta uta, mwenzake anasimama mbele yake na kubonyeza nyuzi. Walicheka mpaka wakaadhibiwa. Siku hizo walipendana kweli.

Wivu uliingia alipokuja Mwalimu Gaspero kuwa mtunzi wa Nyumba. Mwalimu hakutunga kwanza ndipo atafute wa kupiga. Alikuwa akijibanza nyuma ya mlango, anasikiliza vidole vya msichana, kisha anarudi chumbani kwake kutunga muziki wa vidole vilevile, na juu ya karatasi anaandika jina la mwenyewe. Kama fundi cherehani, alikupima wewe kabla ya kugusa kitambaa. Karatasi zikawa zinakuja: Ya Anzoleta. Ya Anzoleta. Na nyingine tena, Ya Anzoleta. Pelegrina alipewa fidla ya pili, ya kuitikia.

Wanasema hasidi hana sababu. Huyu wetu alikuwa nayo, na kila Jumapili alikuwa akiisikia kwa masikio yake. Wasichana hupiga juu roshanini, nyuma ya wavu wa chuma, watu wasiwaone. Na kwa kuwa kupiga makofi kanisani ni mwiko, watu wakifurahi hukohoa, huburuta viti, hupenga kamasi. Anzoleta akimaliza, kanisa zima lilikohoa kama lina kifaduro. Pelegrina alikonda kwa kikohozi hicho. Mezani alikuwa akimsogezea mwenzake bakuli la samaki na kumwambia, "Kula, dada, vidole vya dhahabu visije vikakonda." Anzoleta alicheka na kula. Sijui kama hakukiona kijembe au alikiona akakipuuza, lakini kicheko kile kilimuuma Pelegrina kuliko tusi.

Akatokea Bortolo, muuza mishumaa, aliyempenda Anzoleta kwa kumsikia tu. Akaja kuposa. Sasa, sheria ya Nyumba ni hii: mpigaji akiolewa, Nyumba inampa mumewe fungu la kuanzia maisha, lakini bibi harusi anaapa kwamba hatapiga tena mbele ya mtu yeyote. Akivunja kiapo, fungu lote linarudi. Anzoleta alilia siku nyingi, hataki kuacha fidla, hataki kumwacha Bortolo. Na katika siku hizo hakuna aliyemsifu Bortolo kama Pelegrina. Hata mama yake mzazi hakuwahi kumsifu hivyo. "Shoga, mume hapatikani dukani," alikuwa akimwambia. "Fidla itakuzalia watoto?" Alimshonea shela kwa mkono wake. Siku Anzoleta alipokula kiapo, Pelegrina alikuwa kwenye chumba cha kufulia akiimba.

Akapewa fidla ya kwanza. Mwalimu akajibanza mlangoni, akasikiliza, akaenda kutunga. Karatasi ilipokuja imeandikwa Ya Pelegrina, aliibusu. Kisha akaisoma.

Ulikuwa muziki mtulivu, wa chini, wa polepole. Hakuna pa kupanda, hakuna pa kukimbia. Kila msichana roshanini aliiona karatasi ile na akaelewa. Pelegrina alikuja kwangu akaitupa kitandani. "Meneghina, hiki ndicho kipimo changu?" Nikamwambia mimi nimeupenda, ni muziki mzuri. Akanijibu, "Hata sanda ni nyeupe." Jumapili watu walikohoa kidogo, na kwa kuwa ilikuwa baridi, huwezi kujua walikohoa kwa nini.

Wakati wa Kanivali, mji mzima ukiwa umevaa vinyago, Anzoleta alikuja kututembelea na kikapu cha maandazi ya zabibu. Alikuwa amenenepa, pete kidoleni, ngozi inang'aa. Hakuuliza habari ya mtu. Aliuliza habari ya fidla.

Pelegrina alikuwa nayo mkononi. Wavu wa ukumbini, unaotutenga na wageni, haupitishi fidla, ila pana kidirisha cha kupitishia zawadi, na shingo ya fidla inapenya. Anzoleta akasema kwa sauti ya kuomba, "Niiguse tu." Pelegrina akaiweka kidevuni, akaipenyeza shingo yake kwenye kidirisha, kama katika mchezo wao wa utotoni. Anzoleta akaweka vidole kwenye nyuzi, na Pelegrina akavuta uta.

Walipiga ule wa Pasaka, Ya Anzoleta, ambao Pelegrina alikuwa ameujua wote kwa moyo, maana kwa miaka alijifungia stoo akipigana nao. Mimi muziki siujui. Lakini niliziweka funguo zangu sakafuni taratibu, zisije zikalia.

Walipomaliza tulisikia nyayo kwetu ndani. Mwalimu alikuwa nyuma ya mlango, kama kawaida yake. Anzoleta akauvuta mkono wake na kurudisha kinyago usoni. Mlango ulipofunguka, Mwalimu alimwona Pelegrina na fidla kidevuni, machozi yanamtoka, na ng'ambo ya wavu bibi mmoja mgeni na kikapu chake.

"Ni wewe uliyepiga?" akauliza.

"Ni mimi, Mwalimu."

"Na miaka yote hii ulikuwa unanificha?" Hakungoja jibu. Aliondoka karibu mbio kwenda chumbani kwake, na sote tulijua anakwenda kufanya nini.

Anzoleta akasogea wavuni, akasema polepole, "Pelegrina, siku ya kuupiga huo anaokwenda kutunga, mkono wangu utautoa wapi?"

"Nenda kwa mumeo," Pelegrina akamjibu.

Kwaresima yote Mwalimu alitunga. Alichotunga kilipanda kuliko vyote alivyowahi kumwandikia Anzoleta, na juu yake: Ya Pelegrina. Yeye naye alijifungia stoo. Alijifua mpaka ncha za vidole zikapasuka, akawa anazichovya kwenye siki ili zikauke, kisha anaanza upya. Nilimsikia akijitukana.

Pasaka ikafika, kanisa likajaa; mimi nilisimama roshanini, karibu na ngazi. Chini, karibu na nguzo, aliketi Anzoleta na Bortolo wake. Mwanzo ulikwenda vizuri, nikaanza kutumaini. Ulipofika pa kupanda, vidole vikagoma. Alirudia, akaanguka palepale. Akarudia tena. Wenzake wakanyamaza mmoja mmoja, na chini hakukohoa mtu.

Wasimamizi wa Nyumba walikuwa wamepanda roshanini siku hiyo. Mbele yao Mwalimu akamgeukia, amepauka, akamuuliza kwa upole uliokuwa mbaya kuliko makelele, "Aliyepiga siku ile ni nani?"

Lilihitajika jina moja tu. Angelitaja, angetoka pale na heshima yake, na Anzoleta angenyang'anywa fungu, duka la mishumaa walilolijenga kwa fungu hilo, na utulivu wa nyumba yake. Yote ambayo moyo wa Pelegrina uliyaomba tangu utotoni yalikuwa mdomoni mwake. Nilimwona akichungulia chini kupitia wavu, hadi kwenye nguzo.

"Ni mimi," akasema. "Siku ile nilipiga mimi."

Walimrudisha kwenye fidla ya pili, akaitikia humo mpaka nywele zikawa nyeupe. Anzoleta alikufa miaka minne kabla yake, akiamini kwamba alisitiriwa kwa huruma. Kila Krismasi alikuwa akimletea Pelegrina mishumaa mizuri ya nta, na kulia wavuni, na kumwita dada wa damu. Bortolo naye hayupo tena, ndiyo maana nasema.

Wiki iliyopita, nikimlisha mchuzi, nilimwambia Pelegrina kwamba kwa huruma ile Mungu atamlipa. Akakisukuma kijiko.

"Huruma gani?" akasema. "Anzoleta alikuwa na siku zake zote, Meneghina. Hata ile moja ya kidirishani nayo nimpe?"