Mke Mwenza wa Chuma

Mwezi uliopita nilialikwa arusini huku Temeke, kwa mjukuu wa jirani yetu wa zamani. Tulikuwa uani tukimenya vitunguu, wanawake wakaanza kutaniana habari za ukewenza. Mmoja akauliza, katika sisi wazee nani kauonja. Nikanyoosha mkono. Wakanicheka, maana marehemu mume wangu wanamjua: hakuwa na mke mwingine, na hata angemtaka asingekuwa na cha kumlisha. Nikawaambia sijisemei mimi, namsemea mama yangu, na huyo mwenzake alikuwa na bomba la moshi. Wakazidi kucheka, wakarudi kwenye vitunguu vyao. Basi nikueleze wewe.

Baba yangu alikuwa mtia makaa katika meli ya moshi ya mizigo, iliyokuwa ikipita Tanga, Unguja, Kilwa na Lindi, ikibeba mkonge, mbata, chumvi na boriti. Mjerumani ndiye aliyemleta. Vita ilipokwisha Mwingereza akamchukua, naye akamwuzia Mhindi mmoja tajiri wa mjini, na kwa Mhindi huyo ndipo baba alipopata kazi. Nasema "aliyemleta" na "akamchukua" kwa makusudi. Kwetu meli ile hatukusema "ile". Tulisema "yule".

Nilimchukia yule kabla sijamwona. Baba alikuwa wake siku nyingi na wetu siku chache. Akirudi alileta tende, halua ya Unguja na papa mkavu aliyenuka nyumba nzima, lakini mama hakugusa kitu kabla hajamvua nguo zile na kuzitia kwenye beseni. Maji yalikuwa meusi mpaka mara ya tatu. Zikikauka alizitandaza juu ya tenga na kuzifukiza udi.

"Harufu ya mwenzangu isilale kitandani kwangu," alikuwa akisema.

Na baba naye hakujua kunyamaza. Tunakula makopa kwa papa wa nazi, yeye anasimulia habari za yule: safari hii alikuwa na homa, kakohoa njia nzima kutoka Kilwa, ikabidi wakeshe naye. Mama anauliza kwa upole kabisa, "Na mie nilipokuwa na homa mwezi wa Rajabu, nani alikesha?" Baba anacheka. Mimi sikucheka. Mafahali wawili hawakai zizi moja, sembuse wake wawili ambao mmoja wao hata kupika hajui!

Ikatokea yule Mhindi akachoka, akamtangaza kuuzwa. Meli ikatiwa nanga ndani ya mkono wa bahari upande wa Kurasini, wakawa wanamkwangua kutu na kumfuta jina. Mama alipoambiwa alikaa chini kwa raha zake, akasema, "Ameachwa. Na akae eda, sie tupumue."

Neno hilo likaenea mtaani. Mama hawezi kwenda kisimani bila kuulizwa, "Shoga, mwenzio katoka eda?" Naye hujibu, "Bado, namwombea ikae ndefu." Zilikuwa siku zangu zile. Baba alisuka makuti na kuezeka upya upande wa jikoni, akanifundisha kukuna nazi bila kukuna vidole, na alasiri alikaa barazani mimi nimeegemea goti lake kama paka. Kila nilipotoka chuoni kusoma Kurani nilikuwa na dua moja: yule asipate mchumba.

Akapata. Alikuwa Mgiriki mwenye mashamba ya mkonge, akampaka rangi nyeusi, akamzungushia bomba utepe mwekundu, akambandika jina la mama yake mzazi. Watu wa zamani aliwachukua wote pamoja na meli, kama vyombo vya bibi arusi. Baba akafunga mkoba wake siku hiyohiyo. Niliingia chumbani nikalia, na nilikuwa nalia kwa wivu, si kwa huzuni. Tofauti yake nilikuwa naijua tayari.

Mama yeye hakulia. Alikwenda kununua kanga. Sasa nikwambie jambo: mama alikuwa msomaji mzuri wa Kurani, na kanga za ujana wake zilikuwa na maneno kwa herufi za Kiarabu. Hizi mpya zilikuwa na herufi za Kizungu, na hizo kwake zilikuwa mapambo tu. Akamwambia mwuzaji, "Nipe yenye maneno ya kumkomesha mke mwenza." Mwuzaji akamchagulia, mama akaifunga, tukashika njia ya Keko kwa miguu mpaka bandarini, yeye mbele mgongo umenyooka.

Meli ilikuwa mbali kidogo na ufukwe, matishari yakipeleka mizigo. Mama akasimama mahali pa wazi, akampa mgongo, ili yule asome vizuri. Mabaharia waliokuwa kwenye tishari wakasoma kwa sauti: "Karibu mwenzangu, tule pamoja."

Wakapiga makofi. "Mashaallah! Bi mkubwa kakubali!" Serahangi, ndiye msimamizi wao, akawapungia mkono wenzao wa kule melini, nao wakapiga honi. Baba akashuka kwenye tishari na macho ya maji, akamshika mama mkono mbele za watu, jambo ambalo halikuwa desturi yetu.

"Ahsante, mke wangu. Sikujua kama moyo wako mweupe namna hii."

Mama alinishika mkono tukaondoka. Njia nzima ya kurudi alisema neno moja tu: "Yule mwuza kanga nikimpata, atakula na mwenzake yeye."

Miaka ikaenda, ikaja vita nyingine na ikaisha. Meli zinazokwenda kwa mafuta zikawa zinapita mbio, yule wetu akawa mzee. Mgiriki akamwuza Bombay, akafanye kazi hukohuko, na mnunuzi akataka watia makaa wa zamani waende naye moja kwa moja. Baba akaulizwa kama atakwenda.

Mama alikuwa anatwanga. Hakuacha kutwanga. "Mara hii sishindani," alisema. "Ukienda naye, nenda mazima. Mie nitajijua mjane."

Siku yule alipoondoka honi ilisikika mpaka Temeke. Baba alikuwa uani, kanzu safi, ananukia udi. Hakuinuka. Nilikuwa msichana mkubwa, nikatamani kupiga kigelegele. Tumeshinda!

Tulishinda nini? Baba alipata kazi ya kulinda ghala la chumvi, akirudi anakula bila kusema kitu. Ukimwuliza anajibu ndiyo, au hapana. Alikaa palepale barazani nikamkaribia, akanisogezea goti kama mtu anayempisha mgeni. Nilimwonea yule wivu mkali kuliko zamani, maana sasa hata siku chache zile hakutuachia.

Hata alasiri moja mama alikuwa anachagua mchele. Akaweka ungo chini. "Hebu niambie," akamwambia, "ndani mle alikuwaje?"

Baba alimtazama kama hakusikia. Kisha akaanza taratibu. Akaeleza milango ya tanuri, joto lake, jinsi mitambo inavyolia bahari ikitulia, kama wanawake wawili wanaotwanga kinu kimoja. Mama akauliza, "Na homa yake ile, mlikuwa mkimpa dawa gani?" Baba akacheka kile kicheko nilichokuwa nimekisahau. Mama naye akacheka. Nikasogea nikae nao.

"Mwanangu," mama akasema bila kugeuka, "katazame chungu."

Nikaenda kutazama chungu. Toka jikoni niliwasikia mpaka magharibi, wawili hao na yule wao, hawaishi maneno. Na ikawa hivyo kila alasiri mpaka baba alipofariki.

Nasikia yule alikatwakatwa kuwa chuma chakavu hukohuko Bombay. Kisima kimefukiwa, pamejengwa nyumba ya ghorofa, na vijana wa Temeke ukiwatajia meli ya makaa wanakutolea macho. Mama alimfuata baba. Wote watatu wamekwenda, na wivu wameniachia mimi.