Walimu wa Kuazima

Mpaka leo nikinusa mabibo, yale matunda ya mkorosho, yaliyoanza kuchacha, narudi darasa la nne, shuleni kwetu kando ya njia ya Kitangari. Madirisha hayakuwa na mbao, kwa hiyo msimu wa korosho uliingia darasani bila hodi. Serikali ilikuwa imeruhusu watu binafsi kununua korosho, wanunuzi wanakuja na malori mpaka kijijini, na mwalimu wetu wa hesabu akaacha chaki akaenda kuwapimia korosho. Wenzake walishindwa na shida ya maji, wakaomba uhamisho. Darasa letu na la tano akabaki nayo Mwalimu Mama Sofia peke yake. Alisimama kwenye mlango uliounganisha vyumba viwili, uso kwa la tano, mgongo kwetu, halafu anageuka.

Sasa, wazee wetu walikuwa na ustaarabu wao. Mgeni akija, hata asiye na kuku huazima kwa jirani. Basi kila aliposikika mkaguzi kutoka wilayani, waliazima na walimu kutoka shule ya pili. Walisimama mbele yetu wamependeza, mkaguzi akaridhika, akala wali, akaondoka. Kesho yake walimu walirudi kwao, na sisi tukarudi kutazama mgongo. Nani angetuletea walimu, wakati kila mgeni aliwakuta wamejaa?

Mwaka ule Mama Sofia alikataa. Mwenyekiti wa kijiji, Baba Hamisi, alimfuata pale pale mlangoni, tukisikia.

"Shikamoo, Mwenyekiti."

"Marahaba. Mwalimu, unataka kutuvua nguo mbele ya mgeni?"

"Tuko uchi siku nyingi, Baba Hamisi. Safari hii haazimwi mtu. Aone mwenyewe."

"Na wakikuhamisha?"

"Basi mtaazima na wa mahali pangu."

Mkaguzi alipoingia tulisimama, tukamwamkia, tukakaa. Akauliza mwalimu wetu yuko wapi. Nilikuwa nimekaa mbele, na hasira ilikuwa imenijaa, nikamjibu, "Hatuna. Yule wa mlangoni saa hizi ni wa la tano." Mkaguzi aliandika jibu langu daftarini mwake, akaondoka bila kula. Kuku wa watu alipoa sahanini, na Baba Hamisi alimnunia Mama Sofia msimu mzima. Lakini mvua zilipoanza, mwalimu mmoja kijana alifika kutoka Masasi, godoro lake limefungwa nyuma ya baiskeli. Alikuwa mmoja tu, ila uso wake ulikuwa wetu mchana kutwa. Nilifurahi mpaka nikaona aibu.

Leo mimi ni mwalimu mkuu huku huku kwetu. Madirisha yana vioo, wageni wanapanda bodaboda, na walimu bado hawatoshi. Juzi nilipigiwa simu na mkubwa mmoja wa wilayani.

"Mwalimu Mkuu, kesho kutwa una wageni. Tukuazime walimu wawili, shule ionekane?"

"Waleteni," nikamwambia. "Ila waje na magodoro yao."