Mgeni wa Ukuta wa Nyuma

Mpangaji wetu wa chumba cha uani alikuwa mkimbizi, na kwao alikuwa mtaalamu wa mimea. Tulimwita Mwalimu. Kila asubuhi alipiga magoti nyuma ya bafu, lenzi jichoni, akichungulia kuvumwani, yale manyoya ya kijani ya ukutani, mimea ya kale kuliko maua.

"Utaota mizizi hapo," nilimtania.

"Hii haina mizizi, dada. Inashikilia tu."

Siku moja alifungua leso yenye kuvumwani kavu, aliyoibandua ukutani kwa mama yake siku aliyokimbia. Nilihofu imekufa, nikamwonea huruma. Akaidondoshea maji. Taratibu ikajikunjua, ikarudi kijani. Akaibandika ukutani kwetu.

Alishahama zamani. Binti yangu akishika brashi ya bafu, bado namwambia, "Huko nyuma usisugue, kuna mgeni wa Mwalimu."