Alama nyekundu kwenye kona ya kioo: programu ya kurekodi gemu ilivyomfukuzisha mama yangu Nyarugusu

Wakuu, heshima kwenu. Wakubwa shikamooni, wadogo hamjambo.

Leo sijaja kuchangamsha kijiwe. Nimekuja na hasira, na nitaziandika kama zilivyo.

Juzi kijana mmoja kaanzisha uzi kule upande wa teknolojia. Analalamika gemu inakwama kwama kwenye kompyuta yake mpya. Badala ya kumsaidia mkaanza: "Imerogwa hiyo dogo, angalia mtaani kwenu kama kuna bibi mwenye macho mekundu." Uzi mzima vicheko.

Mimi sikucheka.

Kwanza nimjibu dogo, maana nyie mmeshindwa. Fungua orodha ya programu zinazoanza pamoja na kompyuta yako. Za kurekodi gemu zote zitoe. Zima na hizo overlay, zile zinazochora namba na alama juu ya gemu wakati unacheza. Kompyuta inacheza gemu, hapo hapo inapiga picha kila unachofanya na kuihifadhi, itaachaje kuhema? Ukishazima, restart. Basi. Hakuna bibi hapo.

Sasa niwaambie kwa nini nimekasirika. Haya ni ya kweli, majina tu ndiyo nimebadilisha. Na kabla hamjauliza: ndiyo, mimi ni mwanamke, na ndiyo, kompyuta zilifika Nyarugusu mwishoni mwa miaka ya tisini. Dhahabu ikitoka hakuna kitu kisichofika machimboni.

Kompyuta nilijifunzia Shinyanga mjini, kwenye darasa la kanisa, nikikaa kwa shangazi Ngokolo. Mama yangu alikuwa Nyarugusu anapikia wachimbaji. Kila mtu alimwita Mama Minza, kwa jina langu.

Pale alikuwepo mwenye duara mmoja, nitamwita Baba Ngassa. Duara, kwa msiojua, ni shimo la dhahabu, na mwenye duara ndiye bosi wa wanaochimba humo. Duara lake lilitoa vizuri msimu ule. Akanunua jenereta kubwa, akajenga banda la video, halafu akaenda Mwanza akarudi na kompyuta. Hakujua hata pa kuziwashia. Akasikia binti wa Mama Minza kasomea mambo hayo, akaniita.

Banda likapata jina haraka. Mashine moja ilikuwa na kioo kikubwa kuliko nyingine, tuliiweka mbele, na gemu ya mpira ndiyo iliyopendwa. Kila duara likatoa mchezaji wake. Jioni wachimbaji wakitoka mashimoni, vumbi bado kichwani, wanajaa kutazama duara gani litamfunga mwenzake. Watu walishangilia goli la kwenye kioo kama wamekutana na mshipa wa dhahabu.

Na jioni hiyo hiyo ndipo mama alikuja na sinia lake. Ugali, samaki, chai ya rangi. Biashara yake ilifuata matumbo ya wachimbaji: wao wakitoka shimoni, yeye anatoka jikoni. Shikeni hapo, ndipo balaa lilipoingilia.

Nikapata msiba Shinyanga, nikaondoka siku kadhaa. Niliporudi, mashine kubwa ilikuwa imebadilika tabia.

Asubuhi inakimbia vizuri. Mchana vizuri. Jioni mechi zikianza, inakuwa nzito kama inavuta gari. Mchezaji anakimbia, anaganda. Unabonyeza kupiga, mpira unaondoka wewe umeshasahau. Na juu, kwenye kona ya kioo, inatokea alama ndogo nyekundu ya mviringo. Inawaka, inazima, inawaka.

Mimi nikadhani ni sehemu ya gemu. Nikafungua mashine nikapuliza vumbi, maana vumbi la Nyarugusu linaingia hata kwenye ndoto. Nikalaumu jenereta. Nikafuta gemu nikaiweka upya. Asubuhi inakubali, jioni inarudia yale yale. Nilitamani kuipiga teke.

Siku moja Lufunga, mchezaji wa duara la jirani, alikuwa anakwenda kufunga goli la ushindi. Kabaki yeye na kipa. Mashine ikaganda. Ilipozinduka, mpira anao kipa.

Lufunga akageuka nyuma kwa hasira. Nani kasimama mlangoni na sinia? Mama yangu.

Jamani, mama alipika kwa kuni mbichi miaka na miaka, kwenye kibanda kisicho na dirisha. Macho yake yalikuwa mekundu kama ya kila mama aliyepika hivyo.

Lufunga akamtazama mama, akatazama ile alama kwenye kona ya kioo. Akasema polepole, banda zima likasikia, "Kumbe. Jicho lenyewe ndilo lile."

Hapo lazima niwaeleze wachimbaji wa enzi zile, la sivyo hamtaelewa. Mshipa wa dhahabu ukipotea, swali halikuwa mwamba umeendaje. Swali lilikuwa nani kauficha. Mwenye duara anakwenda kwa nfumu, yaani mganga, anarudi na dawa ya kumwaga shimoni na maelezo ya mtu mbaya. Hivyo ndivyo walivyozoea kufikiri, na kwenye mashine walileta fikra ile ile. Mashine ni nzito jioni tu. Mama Minza anakuja jioni tu. Jicho jekundu linatokea jioni tu. Kwao hesabu ilikuwa imekwisha.

Na msinijie na "ni utani tu." Kanda yetu miaka ile akina mama watu wazima walikatwa mapanga kwa sababu ya macho mekundu. Mtoto wa pale alijua. Mtu akisema neno hilo mbele ya umati kuhusu mama yako, amekwisha kumhukumu.

Nilimwambia mama asije tena bandani. Akanicheka.

"Minza ng'wanone, mwanangu, hilo dude lako linaniogopa mimi au samaki wangu?"

"Mama, hawa watu hawatanii."

"Nimewalisha wote hawa. Lufunga alipougua homa nani alimpelekea uji?"

Akaendelea kuja. Wakaanza kutonunua. Mtu anachukua chai kwa jirani, anampita mama bila salamu, na Msukuma kukunyima salamu si jambo dogo.

Halafu wakaja nyumbani watu wazima wawili. Kwa adabu zote, ndicho kinachoniudhi mpaka leo.

"Mwadila, mayu," wakamsalimia mama kwa Kisukuma.

"Mwadila," mama akaitika, akawapa viti.

Mmoja akasema, "Mayu, sisi hatuna ugomvi na wewe. Tunakuomba tu upumzike kwenu. Vijana wana hasira, na sisi hatulali nao."

Wahenga walisema akufukuzaye hakwambii toka. Hawa walisema, tena wamekalia viti vyetu.

Mama safari hii hakucheka. Alishikwa na homa siku zilizofuata, akabaki kitandani, hata jikoni hakuingia.

Na hapo ndipo nilipoijua siri ya mashine. Mama kalala nyumbani, sinia limefunikwa, mimi niko bandani peke yangu nimewasha gemu kabla watu hawajajaa. Jioni ikafika. Alama nyekundu ikatokea kwenye kona. Mashine ikawa nzito.

Mama hayupo, wakuu. Jicho lipo.

Nikatoka kwenye gemu. Taa ya hard disk inawaka mfululizo kama kuna mtu ndani anaandika. Chini kabisa, pembeni ya saa ya kompyuta, nikaona kipicha ambacho sikukiweka mimi. Nikakibonyeza. Ilikuwa programu ya kurekodi kinachotokea kwenye kioo, imepangiwa saa ya kuanza: ile ile ya mechi. Alama nyekundu ilikuwa inasema tu kwamba sasa narekodi.

Nikaifunga. Nikarudi kwenye gemu, ikawa nyepesi, wachezaji wanakimbia kama swala. Nikazima kompyuta, nikawasha, ikarudi yenyewe. Nikaitafuta kwenye Startup, ile orodha ya programu zinazoanza na kompyuta, nikaitoa. Nikawasha tena. Kimya. Kona ya kioo tupu.

Nililia pale pale. Niliona nimemwokoa mama yangu.

Nikakimbia kwa Baba Ngassa. Nikamweleza yote, nahema. Hakushangaa hata kidogo.

"Ile nilimwambia fundi wa Mwanza aiweke," akasema. "Ulipokuwa msibani."

"Ya nini, Baba Ngassa?"

"Kijana anayenichezea awe anaangalia wenzake wanavyocheza. Asubuhi namfungulia banda kabla hujafika, anasoma ujanja wao."

Nikamuuliza, "Na ulipoona alama ile, wanasema ni jicho la mama yangu, ulijua ni nini?"

Akaangalia pembeni. "Fundi aliniambia itakuwa inawaka."

Wakuu, nimeandika sentensi hiyo nikasimama nikanywa maji. Alijua. Alikaa kwenye banda lake, akasikia mama yangu anaitwa mchawi kwa alama aliyoilipia yeye, akanyamaza. Mama huyo huyo alimlisha kabla hajapata hata gramu.

"Izime, Minza, sawa," akasema. "Ila usiwaambie kwamba nilikuwa nawarekodi. Wataniharibia duara."

Nilimtukana. Sitaandika hapa, moderator atanifungia. Nilimtukana mtu aliyelingana na baba yangu, na sijutii.

Jioni ile banda lilipojaa nikasimama mbele ya mashine kubwa. Nikasema naomba mnitazame. Nikaiwasha ile programu: alama nyekundu, mashine nzito. Nikaizima: alama hakuna, mashine nyepesi. Nikarudia. Nikawaambia nani aliiagiza na kwa sababu gani. Nikawaambia mama yangu yuko kitandani, hajafika hapa, na mmeona wenyewe.

Baba Ngassa alikuwa mlangoni. Akasema, "Mimi najua nini mambo ya kompyuta? Muulizeni yeye, ndiye msomi."

Nikawaona wanafikiri, nikadhani wanaelewa.

Mzee mmoja wa wale wawili waliokuja nyumbani ndiye aliyesema, tena kwa huruma, "Binti, tumeona. Jicho unaliwasha, unalizima. Kwa hiyo na wewe mama yako amekupa."

Watu wakaanza kusogea nyuma. Hawakunipigia kelele. Walitoa tu nafasi, mpaka nikabaki mimi na mashine.

Hapo nilielewa kwamba nimemchimbia mama kaburi kwa mikono yangu mwenyewe, nikiwa nasema kweli tupu.

Alfajiri tuliondoka na gari la mizigo. Mama na homa yake, sufuria zake, na sinia. Tukaenda Songwa, huko huko Shinyanga, kwa mdogo wake. Kule zahanati walimpa dawa ya macho, wakamwambia apunguze moshi. Yakapungua wekundu. Alipika tena, akauza tena, lakini hakuwahi kuzoea watu kama alivyozoea wa Nyarugusu. Mtu akimtazama usoni muda mrefu, aliinamisha kichwa. Alifariki bila kurudi kule. Vyombo vyake vingine mpaka leo sijui nani anavitumia.

Miaka mingi baadaye nilikutana na Lufunga sokoni Shinyanga. Kanenepa, ana wajukuu. Akanichangamkia kweli kweli, akanishika mkono, akauliza habari za mama. Nikamwambia ametangulia. Akasikitika, akatoa kofia.

Halafu akasema, bila ubaya wowote, kama mtu anayekumbushia mazuri, "Ile mashine ilikaa sawa kabisa baada ya mama kuondoka. Haikukwama tena."

Nikamwambia, "Lufunga, niliizima mimi. Ulikuwa umekaa mbele yangu, ukaona mkono wangu."

"Niliona, dada," akasema. "Lakini si mama ndiye aliyekutuma ukaizime?"

Wakuu, nilimwachia mkono nikaondoka.

Funzo? Msidhani ni "watu wasome." Niliwasomesha, kwa vitendo, mbele ya macho yao. Mtu akishaamua nani mbaya, kila ushahidi unaompa anauongeza kwenye kesi ile ile. Aliyeweza kuizuia ni mmoja, yule aliyejua tangu siku ya kwanza, na angeizuia kwa kusema tu "ni mimi niliyeiweka." Kwa hiyo ukijua kitu, na mtu anaonewa kwa sababu hukisemi, kiseme mapema, kabla hesabu yao haijakwisha.

Mliokuwepo machimboni miaka ile, karibuni mseme mliyoyaona. Mnaobisha nanyi bisheni, nipo nasoma. Ila atakayeleta mzaha wa bibi mwenye macho mekundu kwenye uzi huu, ajue anamzungumzia mama yangu.