Daraja Lenye Mwanya

Mjomba wangu hutengeneza madaraja ambayo hayajawahi kupitisha hata baiskeli. Lile kubwa kuliko yote linaenea kwenye kiganja cha mtoto. Yeye ni fundi wa meno ya bandia, na kwa watu wa kazi yake daraja ni meno mawili, matatu au zaidi yaliyoungana, yanayowekwa pale palipobaki pengo na kushikiliwa na meno ya jirani, upande huu na upande ule. Hao jirani wanaitwa nguzo.

Hayo niliyajua tangu utotoni, kwa sababu karakana yake ni chumba cha uani nyumbani kwetu, na nikitoka shule napitia kwake kabla hata ya kuvua viatu. Aliyenichokoza ni mwalimu wa fizikia. Siku moja alichora ubaoni mistari minne iliyokaa kama kishada, akasema, "Hili ni daraja." Darasa zima likaangua kicheko. Mmoja wa viti vya nyuma akauliza, "Mwalimu, mto uko wapi?" Mwalimu naye akacheka, kisha akatueleza: umeme unagawanyika njia mbili, katikati unaweka kifaa chenye mshale, halafu unahangaika kusawazisha pande zote mpaka mshale utulie kimya. Daraja lake yeye linafanya kazi pale ambapo hakuna kinachopita katikati.

Basi nikashikwa na kiherehere. Nikamfuata jirani yetu anayejenga barabara, ambaye mtaa mzima unamwita Bwana Lami. Yeye akasema daraja ni uzito. "Nyie mnaona njia, mimi naona mzigo. Lori likipita juu, na roho yangu inapita nalo." Kijana anayepiga gitaa nje ya kinyozi akanionyesha kijiti chembamba kilicholala chini ya nyuzi, akasema hilo ndilo daraja: linapokea mtetemo wa nyuzi na kuukabidhi kwa mbao, na bila hilo gitaa linabaki kunong'ona. Mama, anayefanya kazi ofisi ya utumishi, alijibu bila kuinua kichwa kwenye sufuria. "Daraja ni pale uliyeanza naye kazi siku moja anapokupita, na wewe unampigia makofi."

Neno ni hilo hilo, na kila mtu analivutia kwake kama shuka kwenye baridi.

Mjomba nilimwuliza mwisho. Akaweka tupa chini. "Wewe Mwandishi wa Habari," ndivyo anavyoniita, "umezunguka mtaa mzima, mimi wa nyumbani ndiyo unanikumbuka leo?"

"La kwako nalijua, Mjomba."

"Hulijui. Hao wote madaraja yao hayamdhulumu mtu. La kwangu, ili lisimame, daktari lazima asage meno mazima ya pembeni. Hayajaoza, hayana kosa lolote. Lakini jirani yao ameondoka, basi na yenyewe yanapunguzwa."

Akapuliza vumbi kwenye meza. Mimi nilidhani anaongea habari za meno.

Kwenye rafu ya juu ya karakana, mahali ambapo mfagio wa Mama hauruhusiwi kufika, kuna mdomo wa plasta uliogeuka rangi ya chai ya maziwa. Meno ya juu tu, na kaakaa. Jino moja la mbele limekatika nusu, na kati yake na mwenzake kuna mwanya mzuri, ule wa kufanya watu wamwambie mtoto acheke tena. Huo ni mdomo wa mama yangu mdogo, kitinda mimba wao. Alivunja jino kwenye geti la shule akiwa binti, na Mjomba, ambaye wakati huo alikuwa bado anajifunza kazi, akamtengenezea jingine. Ndiyo kazi yake ya kwanza kabisa. Wazazi wao walishafariki, kwa hiyo yeye ndiye alikuwa kaka, baba na mwenye kusaini ripoti za shule.

Mama Mdogo aliondoka mimi nikiwa bado nabebwa mgongoni. Alitaka kuacha chuo cha uuguzi akafungue saluni na rafiki yake, mbali. Mjomba akasimama mlangoni akamwambia, "Ukivuka hapa, sahau kwamba una kaka." Mama huwa anasema ile ndiyo mara pekee mdogo wake alimtii kaka yake. Hakuandika wala kupiga simu, na waliokwenda kumtafuta waliambiwa amehama, ameolewa, amehama tena.

Sasa, kazi za Mjomba huletwa na kijana wa pikipiki tunayemwita Upepo, kwa sababu hajawahi kuwahi popote. Analeta maboksi kutoka kliniki za meno mjini. Ndani ya boksi kuna mdomo wa plasta, namba ya mgonjwa na maagizo ya daktari. Jina hakuna. Ndio utaratibu: fundi anakaa na mdomo wa mtu wiki nzima, anaujua kuliko mume wake anavyoujua, lakini wakikutana sokoni wanapishana tu.

Siku hiyo nilikuta Mjomba amesimama, boksi liko wazi, na feni imezimwa. Mjomba hazimi feni. Kwenye mkono mmoja alikuwa na mdomo mpya, na kwenye mkono mwingine ule wa rafuni.

"Njoo," akasema. "Pitisha ulimi nyuma ya meno yako ya juu. Unasikia vituta?"

Nikapitisha. Kweli, kuna vimatuta kama mchanga uliopigwa na maji.

"Kila mtu ana vyake. Ni kama alama za vidole. Meno yanang'oka, vituta vinabaki." Akageuza midomo yote miwili kuelekea dirishani. "Angalia hiki cha kushoto kinavyogawanyika kama panda."

Niliangalia mmoja, nikaangalia wa pili. Kwenye ule mpya meno manne ya mbele hayakuwepo, lakini kaakaa lilikuwa lile lile, panda ile ile. Nikakimbia kumwita Mama.

Mama alishika mdomo ule kwa mikono yote miwili kama bakuli lililojaa. "Kaka, piga simu kliniki. Uliza jina."

"Haturuhusiwi. Sisi ni namba tu."

"Haturuhusiwi! Mdogo wetu huyu!"

"Na nikiuliza, wakanitajia jina la mtu mwingine?" Mjomba akaurudisha mdomo mezani taratibu. "Sasa hivi bado ni yeye."

Mama akaenda zake kulia jikoni ambako kuna kisingizio cha vitunguu.

Daktari aliagiza kitu cha kawaida: meno manne yaliyoungana, yamebanana vizuri. Mjomba akakaa kufanya kisicho cha kawaida. Kuweka mwanya katikati ya daraja si mchezo, kwa sababu daraja likiachana katikati si daraja tena, ni vipande viwili. Inabidi uyaunganishe meno kwa nyuma, kwa waya mnene wa chuma unaopinda kama mpini wa kikombe na kulala juu ya kaakaa, ili mtu akicheka mwanya uonekane na chuma kisionekane. Alichonga nta, akaiyeyusha, akachonga tena. Chakula kilipoa mezani kwake, Mama akakipasha, kikapoa tena.

"Daktari ameagiza mwanya?" nikamwuliza.

"Hapana."

"Sasa?"

"Atakayelivaa ataelewa."

Upepo akalichukua. Halafu Mjomba, ambaye simu yake kwa kawaida hukaa chini ya makaratasi mpaka chaji iishe, akaanza kuilaza mezani kifudifudi, kisha chali, kisha anaitazama kama inayomdharau. Pikipiki yoyote ikipita nje, mkono unasimama. Upepo akija na kazi za watu wengine anakaribishwa chai na kuulizwa hali ya barabara, mpaka yeye mwenyewe akaniuliza kwa siri, "Dada, mzee anaumwa?"

Simu ilipolia nilikuwa palepale nafanya hesabu za shule kwenye kona ya meza. Sauti ya daktari, mama mmoja mwenye haraka siku zote, ilisikika mpaka kwangu.

"Fundi, leo umenishangaza. Kazi ni nzuri ajabu, lakini mwanya umeutoa wapi?"

"Mgonjwa amesemaje?"

"Amejitazama kwenye kioo muda mrefu. Akaniuliza fundi ni nani, nikamwambia. Halafu akasema, mwambie azibe."

"Azibe."

"Ndiyo. Hakuongeza kitu."

Mjomba akashukuru, akakata simu, akakaa. Mikono yake ilikuwa mapajani, mitupu, na sijawahi kuiona mitupu mchana. Mama alikuwa amesimama mlangoni. Na mimi, ambaye kunyamaza sijajaliwa, nikaropoka.

"Mjomba, kwani lazima uongee naye kwa meno? Si una mdomo?"

"Wewe mtoto!" Mama akaanza.

"Mwache," Mjomba akasema. Akachukua simu tena. Safari hii aliongea polepole, kama anapima maneno kwa kijiko. "Daktari, nitaziba. Lakini naomba niwepo siku ya kulivalisha, niangalie rangi. Mwulize yeye kwanza. Akikataa, basi."

Mafundi huwa wanakwenda kuangalia rangi mara moja moja, hilo si geni. Jibu lilikuja kesho yake: "Amesema, kama ni rangi tu, aje."

Nilikwenda naye. Mimi nilibeba boksi. Mama alikataa kabisa kuja, akisema akimwona atapiga kelele kliniki nzima. Kwenye benchi la kusubiri nilimkamata daktari akipita na glavu zake, nikamwuliza daraja kwake ni nini. Hakusimama. "Ni ule mng'ato wa kwanza," akasema. "Mtu ananitazama, anauma, anagundua anaweza. Mengine yote ni saruji."

Mama Mdogo alikuwa amelala kwenye kiti, taa usoni, kinywa wazi na pamba mashavuni. Paji la uso ni la Mama tupu. Alipomwona kaka yake aliinua mkono kidogo kutoka kwenye mkono wa kiti, kisha akaurudisha. Kuamkia hakuweza, ulimi ulishakufa ganzi.

Mjomba alisogeza kile kibao chenye meno ya rangi mbalimbali karibu na mdomo wake.

"Rangi imekubali," akasema. Kazi yake ilikuwa imeisha hapo. Hakuondoka. "Nilikosea. Sisemi mwanya. Nasema yale ya mlangoni."

Daktari ghafla akaona taa yake ina tatizo, akaanza kuishughulikia. Mama Mdogo alibaki anatazama dari. Mtu akilia amelala chali, machozi hayashuki mashavuni, yanaingia masikioni. Nilikuwa sijui.

Daraja likavalishwa. "Uma," daktari akasema. "Tena. Inagonga popote?" Akatikisa kichwa. Pamba zikatolewa, na daktari akakumbuka kwamba kuna kitu amekiacha chumba cha pili.

Mama Mdogo alikaa, akaongea kwa mdomo mzito wa ganzi. "Mwanya niliuziba zamani, Kaka. Wanangu hawajawahi kuuona. Wananijua hivi."

"Una watoto?"

Akainua vidole badala ya kujibu. Mjomba akavitazama vile vidole.

"Sikujua," akasema.

"Ungejuaje." Hakusema kwa ukali. Kisha akanigeukia mimi. "Na huyu namjua. Alikuwa ananitapikia kila gauni."

Nikacheka kwa sababu sikujua pa kuweka uso. Yeye akachukua mkoba, akajifunga mtandio vizuri. "Nyumbani sitakuja. Sasa hivi sitakuja."

"Sawa," Mjomba akasema.

"Usiniambie sawa haraka hivyo, Kaka."

"Basi si sawa. Lakini nitasubiri."

Mama Mdogo alisimama, akagusa mkono wa koti la Mjomba kwa vidole viwili, palipokuwa na doa la plasta, akalikwangua kidogo kwa ukucha. Kisha akatoka. Dirishani tulimwona akivuka barabara, na hakugeuka, ingawa alipofika ng'ambo alisimama muda mrefu kuliko magari yalivyomlazimu.

Tulirudi kwa miguu. Mjomba alikuwa na mikono mifukoni na mimi nilibeba boksi tupu. Tulipofika kwenye mataa akasimama, ingawa taa ilituruhusu.

"Mwandishi wa Habari. Vidole vilikuwa vitatu au vinne?"

"Vitatu, Mjomba."

"Kidole gumba hakikuinuka?"

"Kilikuwa kimelegea tu."

"Vitatu." Akatembea hatua chache, akasimama tena. "Wakubwa? Wadogo?"

"Hatukuuliza."

"Hatukuuliza," akasema, na watu wakawa wanatupita pande zote mbili.